Kata Ubeti wa Mwisho

Kama yupo mwanamke anayelipwa kwa kulia, basi ni Malenga. Msinikasirikie, namsema kwa upendo. Alifiwa na mume akiwa bado kijana, akaandika mashairi ya msiba, na mashairi hayo ndiyo yaliyompa kila alichonacho: vitabu vitatu, tuzo, kazi ya kufundisha uandishi wa kubuni chuoni, na mialiko ya kwenda kusoma kwenye kumbi zilizojaa watu wenye leso mkononi. Marehemu mwenyewe alikuwa mwalimu wa hesabu, na mashairi hakuyapenda hata kidogo. Leo hii wako watu wasiomjua hata kwa sura, lakini wanajua alivyokuwa akikohoa asubuhi.

Halafu akaja Fundi.

Fundi alikuwa fundi wa lifti. Lifti ya chuo ilikwama kati ya ghorofa, akaitwa, akafungua mlango, akamkuta mwanamke amekaa chini anasahihisha kazi za wanafunzi, wala hana habari.

"Dada, umekwama," akamwambia.

"Najua. Ngoja nimalize ukurasa huu."

Mwanamume akacheka mpaka akasahau kumpa mkono wa kumtoa. Mapenzi yalianzia hapo. Sasa yalikuwa yametimiza miaka mitatu, na Jumamosi iliyokuwa inakuja wazee wa pande mbili walikuwa wakutane kupanga ndoa.

Jumapili, kabla ya hiyo Jumamosi, dada mkubwa wa Fundi alikuja kula chakula cha mchana ili amtazame vizuri wifi yake mtarajiwa. Mezani walikuwa wanne: Malenga, Fundi, Dada, na Mama. Huyu Mama hakuwa mama wa Malenga. Alikuwa mama wa marehemu. Alikuja kwenye mazishi ya mwanawe wa pekee na hakuondoka tena, maana angeondoka aende kwa nani? Malenga alimwambia abaki, naye akabaki, wakawa mtu na mama yake.

Dada alikuwa mwanamke wa kutazama kila kona. Alipomaliza kutazama akauliza, "Wifi, picha za kaka yangu umeziweka wapi?"

Ukutani palikuwa na picha moja tu, kubwa, ya marehemu akiwa na chaki mkononi.

"Fundi hapendi kupigwa picha," Malenga alijibu.

"Tangu lini?"

"Dada, kula," alisema Fundi, macho kwenye sahani.

"Nakula. Mdomo una kazi mbili."

Mama akaweka kijiko chini. "Mwanangu, mimi ndiye niliyemzaa huyo aliye ukutani, na kinyongo sina. Huyu Fundi nampenda. Anakuja hapa ananiuliza habari za magoti yangu kabla hajakaa. Wewe kinyongo chako cha nini?"

"Sina kinyongo, Mama, nauliza tu. Mwaka jana nilikwenda kumsikia wifi akisoma ukumbini. Watu walilia. Na mimi nililia, kwa nini niwadanganye? Halafu nikageuka, nikamwona kaka yangu safu ya mbele, anapiga makofi. Mchumba wake anamlilia mwanamume mwingine mbele ya watu, yeye anapiga makofi! Nikajiuliza, huyu kaka yangu anaoa mke au anaoa kaburi?"

Fundi alimtazama Malenga, mtazamo wa mtu anayeomba atetewe, na Malenga akafungua mdomo amtetee. Simu yake ikaita.

Angeiacha iite. Nasema angeiacha! Lakini aliona ni mchapishaji wake, akapokea pale pale mezani. "Ndiyo... Miaka kumi tayari? Jamani, miaka inakimbia... Jumamosi? Ndiyo, nitakuja. Nitayasoma yote, tangu la kwanza." Akakata simu, uso umechangamka. Kitabu chake cha kwanza, kile cha kumlilia marehemu, kilikuwa kinatolewa upya, naye amealikwa kukisoma chote mbele ya watu.

"Jumamosi ipi?" Fundi aliuliza, taratibu kabisa.

Tabasamu likamtoka Malenga usoni. Hakuwa na nia mbaya, Mungu anajua. Alikuwa amesahau tu.

Dada akasukuma sahani yake. "Mimi nimeshiba," akasema, akachukua mkoba wake. Mama akamsindikiza hadi mlangoni, akirudia kuomba radhi kwa kosa lisilokuwa lake.

Wapenzi wakahamia jikoni, kwa sababu sebuleni marehemu alikuwa akitazama.

"Wapigie uwaambie huwezi," Fundi alisema.

"Ni miaka kumi ya kitabu, Fundi. Hicho ndicho kitabu kilichonipa kazi. Wazee wanaweza kukutana Jumamosi nyingine."

"Na yeye? Yeye hawezi kusubiri Jumamosi nyingine? Ana haraka ya kwenda wapi?"

"Usimkejeli."

"Simkejeli. Namwonea wivu. Haya, nimesema. Mwanamume mzima, namwonea wivu mtu aliye chini ya udongo." Akakohoa kidogo. "Marehemu ana vitabu vitatu. Mimi sina hata ubeti mmoja."

"Nimejaribu."

"Ukashindwa na nini?"

Malenga alimtazama. Aliyapenda macho yale, na vidole vile vyenye mikwaruzo ya nyaya, na namna alivyokuwa akivua viatu vyake mlangoni na kuvipanga pamoja na vya Mama. Alipenda kila kitu chake. "Nikikaa kukuandika sioni pa kuanzia," alisema. "Umekuja, umenichekesha, tumekula, tumelala. Nimefurahi. Basi. Furaha haiandikiki."

"Kwa hiyo mpaka nife."

"Koma!" Akainua mkono amzibe mdomo. Fundi akaushika, akauweka shavuni mwake, wakakaa hivyo. Kama kuna dakika ya kuponya jambo, ilikuwa ile.

"Wameniita tena kwenye ile kazi ya mbali," Fundi alisema, bado ameushika mkono. "Majengo mapya, lifti nyingi, mkataba mrefu. Nilishawakatalia kwa ajili yako. Safari hii wanataka jibu Alhamisi."

Sasa hapo, shoga yangu unayesoma, wewe ungesema nini? Ungesema, "Usiende." Neno moja tu. Malenga alikuwa analo, lilikuwa limejaa mdomoni. Lakini alikuwa mtu wa kulipima neno kabla ya kulitoa, na alipokuwa bado analipima, Fundi akauachia mkono, akaenda kuvaa viatu.

*

Darasa la uandishi lilikuwa Jumatano jioni, chumba cha mwisho ghorofa ya tatu. Walikuwa watu wazima wenye kazi zao. Afande, askari mstaafu. Msusi, mwenye saluni na mdomo usiochoka. Na wengine wachache. Fundi naye alikuwa mwanafunzi tangu muhula uanze. Malenga aliwahi kumwambia kwa utani, "Wewe hata hujui kazi yangu ni nini," naye akaenda kujiandikisha, akanunua na kalamu mpya. Darasani walijua kwamba ni mchumba wa mwalimu, na walimtania kwamba atafaulu hata akiwasilisha karatasi tupu.

Malenga alikuwa na utaratibu wake. Mashairi yalichapwa, bila jina, yakaingizwa kwenye boksi la viatu. Yeye alitoa moja, akalisoma kwa sauti, wengine wakalisema wawezavyo. Mwenye shairi alikuwa haruhusiwi kujitaja wala kujitetea. Aliyejisahau akajitetea aliwanunulia wenzake soda. "Darasani kwangu mwandishi hana mdomo," alikuwa akisema. "Shairi likitoka linakwenda peke yake. Hutamfuata msomaji nyumbani kwake ukamweleze ulikuwa na maana gani."

Lilikuwapo jambo jingine kuhusu darasa hilo, na bila kulijua hamtamwelewa Malenga. Wote walikuwa wanaomboleza. Walivisoma vitabu vyake, wakavipenda, basi kila mtu akatafuta maiti wa kumlilia. Afande alimlilia mbwa wa kikosi. Msusi alikuwa na mume hai, mnene, aliyekuja kila Jumatano kumsubiri kwenye korido, na mwaka huo alikuwa amemzika mara mbili.

Fundi aliingia na nguo zake za kazi, akakaa nyuma. Tangu Jumapili walikuwa hawajaonana. Malenga alimpigia, akaambiwa kwa upole kwamba yuko kazini. Kwa mchapishaji alikuwa bado hajapiga simu. Alijiambia atampigia baada ya darasa, halafu atamfuata Fundi, watayamaliza. Akamtupia jicho. Fundi hakumtazama. Alikuwa akilitazama boksi.

Malenga akaingiza mkono, akatoa karatasi, akasoma. Shairi lilikuwa la mgeni aliyekaribishwa kwenye nyumba ya mwanamke mwema, akapewa kila kitu isipokuwa mahali pake mwenyewe. Beti tatu za mwanzo zilieleza nyumba hiyo. Kisha ukaja wa nne:

*Nimekaa kwenye kiti, kiti cha aliyekwenda,*
*Mwenye nyumba hakusiti, kusema ananipenda,*
*Lakini kila wakati, macho yake kule yenda,*
*Nainuka katikati, ya chakula, ninakwenda.*

Na wa tano, ambao ndio wa mwisho:

*Ukinishika mkono, mlangoni nitabaki,*
*Neno moja, siyo wino, sema tu kwamba hutaki,*
*Sihitaji la mfano, wala kiapo sitaki,*
*Nizuie kwa maneno, nirudi nile, sitoki.*

Nashika kichwa. Ninyi mmeshajua, siyo? Mtoto wa darasa la tatu angejua. Lakini Malenga alikuwa amezoea kusikia viti vya marehemu kila Jumatano, na sikio lake likaenda kwenye kazi yake. Likasikia vina. Likasikia mizani. Alisoma vizuri sana, maana yeye husoma kila kitu vizuri, na alipomaliza akaiweka karatasi mezani.

"Haya. Semeni."

"Mizani imekaa," Afande alisema. "Ila huyu jamaa anaondoka katikati ya chakula? Hana adabu." Wakacheka.

"Mimi limenichoma," Msusi alisema. "Anateseka huyo mwanamume. Mimi ningemshika mkono, tena yote miwili."

"Ndiyo, linachoma," Malenga alisema. "Na mwandishi amekua, hongera yake. Lakini tunarudi kulekule, kiti cha marehemu. Mnanisoma mno mimi. Sasa nani anaona kosa liko wapi?"

Wakainamia daftari zao.

"Ubeti wa mwisho. Unabembeleza." Akainuka, akaanza kutembea mbele ya ubao, kama afanyavyo akikolea. "Mwanamume anayeondoka kweli haombi azuiwe. Anayeomba azuiwe hajaondoka huyo, anatishia tu, kama mtoto anayefunga nguo zake akitazama kama mama ameona. Beti nne mtu amesimama na heshima yake. Wa tano anapiga magoti. Siuamini. Mwandishi, popote ulipo, kata ubeti wa mwisho. Ishia pale anapoinuka."

"Lakini, Mwalimu," Msusi alisema, "ukiukata si atakuwa ameondoka kweli?"

"Atakuwa ameondoka kweli. Na hapo ndipo litauma."

Kiti kikaburuzwa nyuma. Fundi alikuwa amesimama. Alipita katikati ya madawati bila haraka, hadi kwenye meza ya mwalimu.

"Naomba karatasi yangu," alisema.

Mtu mmoja akaguna, "Soda hizo!" akadhani ni mchezo. Hakuna aliyecheka.

Fundi aliikunja karatasi chini ya ubeti wa nne, akapitisha ukucha kwenye mkunjo, akaichana. Alichana vizuri, kwa mkono uliozoea kazi ndogo za kuhitaji utulivu. Kipande cha chini akakitia mfukoni. Kile kikubwa akakiacha mezani, mbele ya Malenga.

"Asante, Mwalimu," alisema. "Kweli limekuwa zuri zaidi."

Akatoka. Malenga alibaki amesimama, mdomo wazi, akilitazama lile shairi ambalo sasa lilikuwa linaishia kwenye neno *ninakwenda*.

"Uwii, Mwalimu!" Msusi alipiga kelele. "Umesimama unangoja nini? Mkimbilie!"

Alimkimbilia. Alishuka ngazi akiwa na kiatu kimoja, kingine kilimtoka ghorofa ya pili wala hakukirudia, akampata kwenye lango la chuo.

"Sikujua ni wewe!"

"Najua," Fundi alisema.

"Naapa, Fundi! Nilidhani ni wale wale, ni mambo yao ya kila wiki. Sikujua ni wewe."

"Nimekuelewa. Hukujua ni mimi." Hakuwa na hasira, na hilo lilimtisha Malenga kuliko hasira. "Miaka mitatu niko kwako. Umesoma beti tano za moyo wangu kwa mdomo wako mwenyewe, na hukunijua. Angekuwa yeye, ungemjua kwa neno la kwanza."

Malenga alitaka kubisha. Akaacha.

"Sitaki uende," alisema. "Umesikia? Sitaki. Si ndilo neno ulilolitaka? Nimelisema."

"Umelisema baada ya kusahihisha."

"Nitaifuta hiyo Jumamosi. Nitaibandua picha. Nitakuandikia, Fundi, leo hii, nikifika tu nyumbani nitakaa nikuandikie..."

Fundi akamwekea vidole mdomoni, polepole, namna alivyokuwa akimfanyia wakiwa wawili peke yao. Macho yake yalikuwa yamejaa.

"Usiniandike," alisema. "Wewe huwaandiki walio hai. Ukiona umeanza kuniandika, ujue umeshanizika."

Akamwangalia miguu, ule wenye kiatu na ule usio nacho, akafanya kama anayetaka kuinama amsaidie. Hakuinama. Aligeuka akaenda, na Malenga akamtazama mpaka akapinda kona ya ukuta wa chuo.

*

Mama alikuwa ametenga chakula cha watu watatu. Jumatano Fundi alikuwa hakosi.

"Yuko wapi?"

"Ameondoka, Mama."

"Ameondoka kwenda wapi? Mmegombana?" Malenga alipokaa, Mama alimtazama uso, akaelewa, akaketi naye. "Atarudi. Yule hawezi kukuacha. Kesho asubuhi mfuate kazini kwao, mshike mkono mbele ya watu, aone haya arudi."

"Nitamfuata. Nitakwenda mapema, kabla hajawapa jibu lao." Na alikusudia kweli. Alipanga atavaa gauni gani, atasimama wapi, atasema nini. Njiani alikuwa ameshampigia mchapishaji, akamwambia Jumamosi haji, na ajabu ni kwamba haikumuuma hata kidogo. Mtu yeyote angemwona angesema mwanamke huyu sasa amezinduka, sasa ataokoa alichonacho.

"Basi kula uwe na nguvu," Mama alisema, akampakulia. "Mimi nilimwambia huyo kijana, hii nyumba ni yako. Nilimwambia mimi mwenyewe, mama wa marehemu. Sasa mtu umwambie kwa lugha gani?"

"Ndiyo, Mama."

"Hujala."

"Nakula."

Mama aliendelea kusema, mambo ya gauni, mambo ya kesho, kisha akanyamaza. Alikuwa akiutazama mkono wa Malenga uliokuwa mezani, pembeni ya sahani.

"Unafanya nini?"

"Sifanyi kitu."

"Hivyo vidole."

Malenga akatazama. Kidole gumba chake kilikuwa kinatembea juu ya vidole vingine, kimoja baada ya kingine, mpaka nane, kinarudi, kinaanza tena mpaka nane. Kilianza tangu kule langoni. Mshororo wa kwanza ulikuwa umeshakaa, na wa pili, na kina cha kati kilikuwa tayari kinauvuta wa tatu. Ilikuwa mishororo mizuri. Kwa miaka mingi alikuwa hajapata mizuri hivyo.

"Alipokufa mwanangu," Mama alisema, "ulikaa hapo hapo, ukahesabu hivyo hivyo."

Malenga akakunja ngumi. Akaifunika kwa mkono wa pili, akaibana juu ya mapaja, akaibana kwa nguvu zake zote, lakini mshororo wa tatu ukaja, mizani kamili. Mama akaona midomo yake ikitikisika. Akainuka, akaondoa sahani ya Fundi mezani, akasimama nayo katikati ya sebule, na akaanza kumlilia Fundi.